Muulize Mama Skripti: Wanorwe, chupa ya damu na luku ya nyumba ya kupanga

*Safu ya wasomaji wanaoandika vichekesho au wanaotamani kuandika. Barua zimefupishwa.*

Mama Skripti, shikamoo. Mimi ni kijana wa Mbagala Rangi Tatu. Naandika klipu za vichekesho, wenzangu wanaigiza, tunarusha kwenye simu. Watu wanacheka, ila baada ya dakika mbili mzuka umekwisha na hakuna anayekumbuka hata jina la mhusika. Jamaa yangu aliyesoma Oslo ananiambia kule kuna watu wanaandika komedi ya televisheni maisha yao yote mpaka wanazeeka nayo. Baba mdogo anasema kuandika vichekesho si kazi, nikatafute leseni ya udereva. Hao Wanorwe walianzaje? Na naweza kuchukua skripti ya nje nikaitafsiri? Kijana wa Rangi Tatu.

Marahaba, mwanangu. Baba mdogo tumwache kwanza apoe. Yeye anamjua Joti, anamjua Masanja, na marehemu Mzee Majuto alimjua kama anavyomjua jirani yake. Mshika kalamu hajawahi kumwona, na kisichoonekana atakiitaje kazi? Enzi zangu za michezo ya redio, mama mwenye nyumba wangu pale Magomeni aliamini kabisa kwamba mimi ni karani, napiga chapa maneno ambayo waigizaji wameshayasema. Kodi nilikuwa namlipa, basi, sikuona sababu ya kubishana naye.

Sasa hao Wanorwe. Usidhani wana soko kubwa kutushinda. Nchi nzima ina watu kama milioni 5 na nusu. Sensa yetu ya 2022 iliikuta Dar es Salaam peke yake na watu milioni 5.38. Lugha yao wakivuka mpaka wanaelewana na Mswidi na Mdenmaki, basi, mambo yanaishia hapo. Kwa hiyo kisingizio cha "soko letu dogo" kiweke pembeni tuendelee.

Televisheni yao ilizinduliwa rasmi 1960, chini ya shirika la umma liitwalo NRK, na kwa zaidi ya miaka 25 mlango ulikuwa huo mmoja. Mojawapo ya komedi zao zilizopendwa mno, *Fleksnes Fataliteter*, ilianza 1972. Na hapa nataka usome taratibu: haikutungwa Norwe. Skripti zilitoka Uingereza. Waliziandika Ray Galton na Alan Simpson kwa ajili ya mchekeshaji Tony Hancock. Hao wawili walikutana 1948, vijana wadogo kabisa, wamelazwa hospitali ya kifua kikuu, na uandishi wao ulianzia kwenye redio ya humo humo hospitalini. NRK ikazichukua skripti zao kwa ruhusa, zikageuzwa za Kinorwe, Bo Hermansson akaongoza, Rolv Wesenlund akawa Marve Fleksnes: mwanamume mtu mzima, mjuaji, mwenye maoni juu ya kila kitu, na mwenye mama yake wa kumrudisha chini, aliyeigizwa na Aud Schønemann. Sehemu ya mwisho ilirushwa 2002. Mhusika mmoja, miaka thelathini.

Tuchukue kisa kimoja tukifungue, maana maneno ya juu juu hayakusaidii. Bwana anakwenda kutoa damu. Hancock alikicheza 1961, Fleksnes naye akaja akakicheza kwake. Anaingia akijiona shujaa wa taifa. Anachomwa kidole, linatoka tone, anainuka kuaga. Anaambiwa lile lilikuwa la kupimia tu, inatakiwa chupa. Ushujaa wote unamwishia miguuni.

Sasa kitafsiri hivyo hivyo neno kwa neno, ukipeleke Temeke. Kitakufa. Yule Mwingereza kaja peke yake, kwa hiari yake, anatafuta sifa, na akiona mambo magumu anaweza kushika kofia yake akaondoka. Kwetu wapo wanaojitolea, Mungu awabariki, lakini wengi wetu tunafika kwenye kile kiti kwa sababu shemeji anafanyiwa operesheni kesho na muuguzi amewaambia ndugu walete watu wa kuchangia. Kwa hiyo bwana wetu hayuko peke yake. Kwenye benchi yupo mama mkwe, wapo mashemeji, yupo na baba mdogo (kila ukoo una wa kwako). Wote wanamtazama, na nyumbani jana usiku, kwenye sahani ya pilau, alishaapa kwamba yeye peke yake anatosha, wengine wasijisumbue.

MUUGUZI: Una kilo ngapi, kaka?

BWANA: Themanini na mbili. Mazoezi hayo.

MUUGUZI: Vizuri. Maana chini ya hamsini huwa haturuhusu.

BWANA: *(anatafakari)* Hiyo themanini na mbili ni pamoja na viatu.

MAMA MKWE: Vua viatu, baba.

Mtazame mama mkwe. Hajasema kichekesho chochote. Amefunga mlango tu. Kuanzia hapo unaweza kukaa na yule bwana dakika ishirini nzima: aseme ana malaria, aambiwe kipimo kipo, aseme amezidi miaka 65, mkewe atoe kitambulisho cha taifa kwenye mkoba, aone mfuko wa mililita 450 aulize kama ni wa wiki nzima. Hatoki. Akitoka, amekosa mke.

Ndiyo dawa ya klipu zako pia. Nimeziangalia zile ulizonitumia. Yule konda wako anayejibu abiria ovyo ana mdomo mzuri kwelikweli, lakini abiria wake anashuka kituo kinachofuata. Kila mtu kwenye vichekesho vyako anaweza kuondoka, na wanaondoka, ndiyo maana mtazamaji naye anaondoka. Mwandishi wa komedi ya televisheni anatafuta kwanza watu wasioweza kuachana, halafu ndipo anafikiria maneno.

Kwa hili mwangalie Tore Ryen. Mwaka 1992 Norwe ilipata kituo kingine, TV 2, makao yake Bergen, chenye kuishi kwa matangazo ya biashara, na mwaka uliofuata Ryen akakiandikia *Mot i brøstet*. Wanaume wanaokaa nyumba moja, hawafanani hata kwa dawa: Nils Vogt, Sven Nordin, na mzee Arve Opsahl ambaye alikuwa amekwisha kupita miaka 70 na nchi nzima ilikuwa ikimjua kwa filamu za genge la wezi. (Filamu zenyewe, *Olsenbanden*, nazo Wanorwe walizitoa Denmark wakazifanya zao. Hawana haya, na mimi nawapenda kwa hilo.) Mot i brøstet ilikwenda mpaka 1997. Ilipokwisha, Ryen hakuanza kutafuta kichekesho kipya sokoni. Alimchukua Karl, mhusika wa Nils Vogt, akamjengea mchezo mwingine, *Karl & Co*, ukaenda 1998 hadi 2001. Mwambie baba mdogo kwamba pensheni ya mwandishi iko kwenye mhusika. Kichekesho ni posho ya siku.

Tena usiniambie seti ni ghali. Wakenya wametuchekesha miaka na miaka na *Vioja Mahakamani*: chumba kimoja, hakimu, karani, mshtakiwa. Mshtakiwa anakwenda wapi? Na wewe unayeishi Mbagala unayo seti ambayo Mnorwe hawezi kuijenga kwa fedha yoyote: nyumba ya kupanga, vyumba sita, luku moja.

Hebu ione. Ijumaa usiku umeme umekata. Units zilikwisha kwa sababu kuna mtu amenyoosha nguo za kwenda harusini, na kuna mtu ana hita ya maji chini ya kitanda anayoapa haijui. Mwenye friji anasema friji yake haili umeme, imezoea. Mwalimu wa chumba cha mwisho ana daftari la michango tangu Januari, na kwenye hilo daftari jina la dada wa saluni limeandikwa kwa wino mwekundu. Safari hii aliyenunua umeme ni yule kijana asiyesemeshana na nyumba nzima tangu mambo ya ndoo. Token imeingia kwenye simu yake. Amejifungia ndani. Na tarakimu za luku ni ishirini. Watu wamesimama kwenye koridoo gizani, mmoja yuko kwenye mita kidole tayari, na yeye anazitaja kupitia mlangoni, mojamoja, na kwa kila tarakimu anataka kwanza kuombwa radhi kwa jambo moja.

Nani ataondoka hapo? Kodi wamelipa miezi sita mbele.

Kuhusu kuchukua skripti ya nje: unaomba ruhusa kwa maandishi, na huigusi kabla hujajibiwa. Simpson alifariki 2017 na Galton 2018, lakini hakimiliki haikuzikwa nao. Sheria yetu ya Hakimiliki ya 1999 inailinda kazi kwa maisha ya mtunzi na miaka 50 baada ya kifo chake. Wakiwa wawili, hesabu inaanzia kwa aliyefariki mwisho. Wazo la mtu mwoga mbele ya sindano ni la kila mtu, halina mwenyewe. Mpangilio wa matukio na maneno waliyoandika wao ni mali yao. Yule mama mkwe wa hapo juu nimemtunga mimi, nakupa, nenda naye popote. Na za kwako ukishazikamilisha zipeleke COSOTA, ofisi yetu ya hakimiliki, zikasajiliwe kabla ya kumwonyesha prodyuza yeyote, hata kama ni binamu yako. Hasa kama ni binamu yako.

Mama Skripti, hao waandishi wa Norwe hulipwa na nani? Mimi nimeandikia kituo kimoja hapa mjini msimu mzima kwa ahadi ya "tukipata mdhamini". Mdhamini amepatikana, mimi sijaona hata nauli. Mwenye Kalamu Kavu, Tabata.

Pole sana, ndugu yangu. NRK hulipiwa na wananchi wenyewe. Mpaka mwisho wa 2019 kila kaya yenye televisheni ilikuwa inalipa ada, na tangu 2020 fedha hutoka kwenye kodi. TV 2 na wenzake ni vituo vya biashara, wanaishi kwa matangazo na ada za watazamaji wao. Kote huko mwandishi huwa ameshakubaliana bei kabla kamera haijawashwa, kwa sababu bila skripti hakuna cha kuwashia kamera.

Kwako wewe: msimu wa pili usiandike hata mstari mmoja. Wapelekee karatasi yenye mambo haya tu: malipo kwa kila sehemu, siku ya kulipwa, jina lako kwenye skrini, na kitu gani unapata wakiirudia au wakiiuza kwingine. Hilo la mwisho ndilo watakalolipigia kelele, kwa hiyo ndilo lenye fedha. Wakikuambia "sisi ni familia", waulize ni upande upi wa familia, wa mirathi au wa msiba.

Shikamoo Mama. Mimi na mume wangu tunaandika komedi pamoja, Sinza. Wazo likiwa zuri ni lake, likiwa baya ni langu. Juzi tumelala bila kusemeshana kwa ajili ya mhusika ambaye hayupo duniani. Je, mke na mume wanaweza kazi hii? Mama Wawili.

Marahaba, mwanangu. Wanaweza, na wapo. Anne Bjørnstad na Eilif Skodvin ni mke na mume, ndio walioanzisha *Lilyhammer*. Kisa chenyewe: jambazi wa New York anatoa ushahidi dhidi ya wenzake, serikali inataka kumficha, wanamuuliza ahamie wapi. Yeye anasema Lillehammer, Norwe, kwa sababu aliipenda alipoiona kwenye televisheni wakati wa Olimpiki ya majira ya baridi ya 1994. Anafika kwenye theluji na kukuta mji mdogo wa watu wapole wanaofuata kanuni. Jitu lililozoea kumaliza mambo kwa ngumi linakaa kwenye ofisi ya ajira linasubiri zamu yake. Angalia tena mlango ulivyofungwa: akirudi kwao anauawa.

Wawili hao walisikia kwamba Steven Van Zandt, mpiga gitaa wa Bruce Springsteen ambaye pia ameigiza jambazi kwenye *The Sopranos*, yuko Bergen anashughulikia muziki wa bendi moja ya Norwe. Wakamfuata, wakamwambia wamemwandikia mchezo. Kama mke angekuwa na haya na mume angekuwa na haya, tusingekuwa na mazungumzo haya. Van Zandt akakubali, akaingia hadi kwenye uandishi. NRK waliurusha Januari 2012 na usiku wa kwanza karibu watu milioni 1 walikuwa mbele ya televisheni, katika nchi iliyokuwa na watu milioni 5. Wiki mbili baadaye ukawa kwenye Netflix, mchezo wa kwanza kabisa Netflix kuuita wake. Ulikwenda misimu mitatu, sehemu 24, na baadaye mke na mume wale wale wakaja na *Beforeigners* ya 2019, watu wa zama za kale wanaibukia baharini Oslo ya leo.

Sasa nyumbani kwako. Mimi marehemu mzee wangu alikuwa fundi cherehani, hajawahi kusoma ukurasa wangu hata mmoja, na tulipendana sana, kwa hiyo ushauri wangu wa ndoa usiutie maanani. Wa kazi ni huu: wekeni daftari moja mezani, mwandike bila majina, na baada ya siku chache msome kwa sauti mbele ya mtu wa tatu. Mwiteni mpangaji mwenzenu, mwiteni muuza chipsi wa nje. Pale atakapocheka pabaki, pale atakapotazama simu pafutwe. Hatauliza wazo lilikuwa la nani.

Na huyo mume anayejipa mawazo yote mazuri, mbona ni mhusika huyo? Mwandike. Mpe jina lingine tu.

Mama Skripti, nipo Chuo Kikuu, Mlimani. Nina komedi ya chuo nzuri lakini rafiki zangu wanasema nikiandika Kiswahili siwezi kufika mbali, niandike Kiingereza. Unasemaje? Asiyejua Pa Kushika.

Kuna Wanorwe wengine wawili, Jon Iver Helgaker na Jonas Torgersen, walioandika *Vikingane*, iliyoanza NRK 2016. Komedi ya watu wa kale wa meli na mashoka, wanaojadiliana mambo ya kijiji kama wajumbe wa kikao cha ofisini. Walipotaka kuipeleka nje hawakuiacha lugha yao. Kila tukio walilipiga mara mbili: wanapiga kwa Kinorwe, halafu waigizaji wale wale, nguo zile zile, upepo ule ule wa kisiwa cha Karmøy, wanalirudia kwa Kiingereza. Wenyewe wakabaki na yao, na dunia ikapata *Norsemen*. Kwenye Lilyhammer walifanya vingine: jambazi anasema Kiingereza, wenyeji wanamjibu Kinorwe, na wote wanaelewana, hakuna anayeuliza imekuwaje.

Hiyo ya pili ingekufaa wewe zaidi, maana ndivyo mnavyoishi hapo Mlimani. Mhadhiri anafundisha kwa Kiingereza, wanafunzi wanaulizana kwa Kiswahili "amesemaje?", mmoja anajifanya kaelewa ili amvutie binti wa mbele, na mama wa kantini anaelewa kila kitu. Andika hivyo hivyo mlivyo. Ila ukiandika maneno ya huyo mhadhiri, yawe Kiingereza ambacho yeye mwenyewe angekisema, si kile cha kwenye filamu. Nimesoma skripti nyingi ambamo profesa wa Kibongo anaongea kama polisi wa Chicago.

Nitumie kurasa kumi, si tisini. Zianzie pale ambapo mtu anataka kutoka darasani na hawezi. Na uziweke namba, maana mlizoniletea mwezi uliopita zilinidondoka kwenye daladala nikazipanga upya kwa kubahatisha, na nasikitika kusema zilisomeka vizuri zaidi.